Astrali: maswali mnayoniuliza kila mara kabla ya kuvuka

Kila kampeni yetu, yaani hadithi moja tunayoicheza kwa vikao vingi, inapofikisha wahusika karibu na ngazi ya 13, ujumbe wa sauti huanza kuingia kwenye simu yangu usiku wa manane. "Eti nikikaa Astrali sizeeki?" "Eti farasi wangu atakwenda?" "Eti nikiukata mfuko wangu vitu vinakwenda wapi?" Safari hii nimeamua kuyaandika majibu mara moja, myasome kabla hatujakaa mezani. Kanuni ninazozitumia ni za toleo la tano la Dungeons & Dragons, mchezo wa mezani wa kuigiza wahusika kwa dadu, zile za mwaka 2014. Pale ninapochukua kitu kutoka toleo la zamani nitasema.

Astrali ni nini hasa?

Ni mojawapo ya dunia za kubuni ndani ya mchezo huu uliotungwa na Gary Gygax na Dave Arneson, ukatoka Marekani mwaka 1974. Kuna dunia ya kawaida wanakozaliwa wahusika wetu, kuna dunia za moto, maji, hewa na udongo, halafu kuna dunia za nje wanakokaa miungu, malaika na mashetani. Astrali ndiyo njia ya kutoka kwetu kwenda kwa hao wa nje.

Msiifikirie kama nchi. Hakuna ardhi, juu na chini ni kulekule. Ni bahari ya rangi ya fedha pande zote, yenye michirizi myeupe na ya kijivu inayozunguka kati ya vimulimuli mfano wa nyota za mbali. Humo huelea mapande ya miamba, na maiti za miungu zilizogeuka mawe.

Shikeni jambo moja tu, mengine yatajileta yenyewe: huku mwili umeachishwa kazi. Hauzeeki, hauoni njaa, haukufikishi popote. Kazi zake zote zimehamia kichwani. Karibu kila sheria ya ajabu ya Astrali imetoka hapo, na mkikutana na jambo ambalo kitabu hakikulisema, anzeni kwa kujiuliza: hili ni la mwili au la akili?

Jina lenyewe limetoka wapi? Gygax alilibuni?

Hapana, alilikuta. Mzizi wake ni neno la Kigiriki la nyota, na karne ya 19 wafuasi wa Theosofia, chama kilichoanzishwa New York mwaka 1875, walikuwa wakifundisha habari za ulimwengu wa Astrali kama jambo la kweli kabisa, pamoja na roho kutoka mwilini na kusafiri. Mchezo uliazima jina na safari, ukaacha mafundisho. Mpango kamili wa dunia hizi Gygax aliueleza kwenye makala ya jarida la The Dragon, Julai 1977, kisha ukawekwa mwishoni mwa kitabu cha wachezaji cha mwaka 1978. Kitabu kizima cha dunia hizi, kazi ya Jeff Grubb, kilikuja mwaka 1987.

Mimi ni mpiganaji, nakwenda futi 40. Kwa nini mchawi mzee ananipita?

Kwa sababu miguu yako haina cha kukanyaga. Astrali mtu anakwenda kwa kutaka kwenda. Nje ya mapigano umbali hauna maana kubwa, lakini vita vikianza kuna hesabu: kasi yako kwa raundi moja, yaani sekunde 6, ni alama yako ya Akili, ile namba iliyo kwenye karatasi ya mhusika wako, mara 3, kwa futi.

Mwenye Akili 10 anapata futi 30, ileile aliyoizoea nyumbani, ndiyo maana wengi hawaoni tofauti siku ya kwanza. Wewe mwenye 8 unapata 24. Mchawi mwenye 20, yule ambaye nyumbani mnamsubiri kila kwenye mteremko, anapata 60. Waliosema akili nyingi huondoa maarifa hawakuwahi kufika huku.

Sasa wanyama. Farasi wa vita ana kasi ya futi 60 nyumbani na Akili 2. Mara 3 ni futi 6. Tembo ana Akili 3, kwa hiyo anapata 9, na anakuwa ameshinda farasi. Kuna mwenzetu aliyenunua farasi wa vita kwa vipande 400 vya dhahabu, akamtandika, akavuka naye kwa mbwembwe. Raundi ya kwanza alikuwa juu ya tandiko akipiga kelele. Raundi ya tatu alikuwa ameshuka, anamvuta hatamu kama mtu anayevuta mkokoteni wenye pancha, na githyanki wanne, wapiganaji wa kabila linaloishi Astrali, wanakuja kwa futi 39 kila mmoja. Sikumwonya. Kanuni alikuwa nayo mfukoni.

Linalonifurahisha zaidi kwenye sheria hii ni namna inavyopindua vyeo vya kundi. Mpiganaji aliyezoea kutangulia anajikuta nyuma, na mchawi aliyezoea kujificha nyuma anajikuta mbele peke yake akiwa na uhai kiduchu. Kundi linalokumbuka kungojana linatoka salama. Mengi hayakumbuki.

Nikikaa huko miaka 50, nitatoka nikiwa kijana vilevile?

Hili ndilo swali la kwanza kwa wingi, na jibu lake linategemea toleo mnalochezea. Kubalianeni kabla ya kuingia, maana nimeshuhudia urafiki ukiyumba kwa sababu yake.

Toleo la tano linasema kwa kifupi: viumbe walioko Astrali hawazeeki, hawaoni njaa wala kiu. Kuhusu siku ya kutoka, kimya. Mwenye kutaka kulisoma kwa faida yake atasema ametoka na ujana wake, na kitabu hakimpingi.

Toleo la tatu, lile lililoanza mwaka 2000, lilikuwa kali zaidi. Kwanza, yaliyosimama ni mengi: uzee, njaa, kiu, sumu, na pia kupona kwa kawaida. Yaani sumu haikuui, lakini na jeraha halifungi. Pili, kanuni za dunia zisizo na wakati zilionya kwamba deni hulipwa mlangoni. Ukirudi mahali ambapo wakati unapita, yote uliyoyakwepa yanakurudia kwa mpigo. Mfano wa kanuni zenyewe: asiyekula kwa miaka 10 atatoka na njaa kali mno, ingawa hafi, na aliyeganda miaka 50 akiwa na umri wa miaka 20 anaweza kufika 70 kufumba na kufumbua.

Mezani kwangu tunatumia lile la zamani, na sioni haya kulisema. Astrali isiyodai chochote ni hoteli tu, mtu anaingia akasome afsuni zake zote, yaani maneno ya uchawi, bila haraka na kutoka kijana. Ikidai, inakuwa mahali pa kuogopwa na kutamaniwa kwa pamoja. Fikirini mwenzenu ameumwa na nyoka, saa moja imebaki, na kuhani hayupo. Mnaweza kumwingiza Astrali, sumu ikasimama, mkatafuta dawa mwezi mzima. Lakini saa ile moja iko palepale inamngoja mlangoni. Tulicheza hivyo vikao vitatu, na sikuhitaji hata zimwi moja kuwatia watu jasho.

Ninaingiaje?

Njia za kawaida ni mbili na watu huzichanganya.

Ya kwanza ni kuvuka na mwili wako. Afsuni ya daraja la 7, ambayo mchawi huipata ngazi ya 13, inampeleka mchawi mwenyewe na wengine hadi wanane walioshikana mikono. Inahitaji fimbo ya chuma yenye panda, ya thamani ya vipande 250, iliyolandanishwa na dunia mnayokwenda. Fimbo haiishi, mtaitumia tena. Mkivuka hivi, mko huko kweli. Ukifa umekufa.

Ya pili ni kutoa roho na kuuacha mwili kitandani. Hii ni daraja la 9, ngazi ya 17, na matayarisho yake ni saa nzima. Kwa kila msafiri kinateketea kito cha hiakintho cha vipande 1,000 na mche wa fedha uliochongwa kwa nakshi wa vipande 100. Hiakintho mmewahi kukisikia kanisani, kimo kwenye orodha ya vito vya Ufunuo 21. Kundi la watu watano basi ni vipande 5,500, vimeyeyuka. Ndiyo maana swali linalofuata kila mara ni:

Kwa nini nilipe vipande elfu moja na mia wakati kuna fimbo ya 250?

Kwa sababu ya kinachotokea ukishindwa. Aliyetoa roho, uhai wa umbo lake la huko ukifika sifuri, anazinduka kitandani kwake. Majeraha ya Astrali hayamfuati. Mwili wake nao muda wote ule ulikuwa umelala bila kuhitaji chakula wala hewa, na hauzeeki. Mnanunua bima.

Kuna jambo ambalo hata wachezaji wa siku nyingi hulisahau. Ukiwa umetoa roho, kisha ukapita mlangoni kuingia dunia nyingine, mwili wako na vitu vyako vinavutwa hadi hapo kupitia kamba ya fedha inayounganisha roho na mwili, unaingia ukiwa mzima na nyama zako. Bima imekwisha. Kundi moja lilipita kwa vishindo kuingia kwenye ngome ya mashetani likidhani miili iko salama kwenye nyumba ya wageni. Mwenye nyumba ya wageni aliona vitanda vitano vitupu na bili haijalipwa.

Kamba ya fedha inakatikaje?

Kamba inatokea mgongoni, kati ya mabega, inaonekana kwa futi moja hivi kisha inafifia isionekane. Ndiyo inayokuunganisha na mwili. Ikikatika, roho na mwili vinatengana na unakufa papo hapo. Wasomaji wa Biblia watakumbuka kamba ya fedha inayokatika kwenye Mhubiri 12:6, pamoja na bakuli la dhahabu na mtungi kisimani. Picha ni hiyohiyo, kwa hiyo wachezaji wetu huielewa kabla sijamaliza kueleza.

Habari njema: haikatwi na panga la kawaida, wala meno ya joka, wala moto. Lazima kitu husika kiwe kimeandikwa wazi kwamba kinakata. Habari mbaya: upanga wa fedha wa shujaa wa kigithyanki umeandikwa hivyo. Akikupiga kwa 20 kamili ya dadu, anaweza kuacha kukuumiza na badala yake akaikata kamba. Hapo hesabu ya uhai wako haina la kusema.

Nimeambiwa nisitie mfuko wa ajabu ndani ya shimo la kukunja. Kwa nini?

Kwanza mfuko. Huu ni mfuko unaobeba ratili 500, karibu kilo 227, huku wenyewe una uzito wa ratili 15 tu, siku zote. Ukiujaza kupita kiasi, ukitobolewa au kuchanika, unaharibika na vilivyomo vyote vinatawanyika Astrali. Vile vinavyopotea kwenye kila kampeni duniani, kamba, taa, mkate wa safari, barua ya mfalme, viko huko vinaelea kati ya miungu waliokufa. Mimi nikikosa cha kuwakutanisha nacho wasafiri, nawakutanisha na mizigo ya watu.

Shimo la kukunja ni kitambaa cheusi ambacho ukikitandaza chini kinakuwa shimo. Ukiingiza mfuko kwenye shimo au shimo kwenye mfuko, vyote viwili vinateketea na mlango wa Astrali unafunguka pale vilipokutana. Aliye ndani ya futi 10 ananyonywa. Mlango unajifunga, na hauna upande wa kurudi.

Ndiyo, mtu anaweza kufanya hivyo makusudi, kama bomu. Ndiyo, mtakuja kufanya. Hesabuni futi zenu vizuri.

Nikishafika, najuaje mlango upi unakwenda wapi?

Kwa rangi. Milango ya kutoka Astrali ni madimbwi bapa ya rangi inayochezacheza, upana wake futi 10 hadi 60, na kila dunia ina rangi yake. Hapa nitakaa kidogo, maana ndipo wachezaji hufa.

Msihangaike kukariri rangi zote, kuna mpangilio. Za umanjano zinakwenda pazuri: zafarani ni Arcadia, dhahabu ni Mlima Celestia, kaharabu ni Bytopia. Elysium ni chungwa linalometameta. Zumaridi ni nchi ya wanyama, na yakuti samawi ni Arborea. Bluu ya almasi ni Mechanus, ambako hakuna wema wala ubaya, kuna magurudumu ya meno yanayozunguka tu.

Wekundu ndio wa kuogopwa. Kuna mwekundu wa yakuti, mwekundu wa mwali wa moto, mwekundu wa hudhurungi na mwekundu wa kutu. Wa kwanza ni Nine Hells, wa pili Acheron, uwanja wa vita visivyokwisha, wa tatu Gehenna, wa nne Hades. Wekundu wanne, na hakuna hata mmoja unaokwenda mahali utakapopenda kulala. Ongezeni zeituni, ambayo ni gereza la Carceri, zambarau ya amethisto, ambayo ni Abyss, na mweusi tii ambao ni Limbo. Nili ni Ysgard.

Rangi hizi zinakaa vizuri sana kwa Kiswahili. Zafarani, kaharabu, zumaridi, nili, mtu wa Pwani ameviona vyote dukani au shingoni mwa bibi yake. Nikisema "dimbwi la zafarani" watu wanasikia hadi harufu ya pilau.

Na nyumbani je? Dunia ya kawaida ni dimbwi la fedha. Fedha, ndani ya bahari ya fedha. Kitabu hakisemi kwamba ni vigumu kuliona, lakini jaribuni kufikiria. Mimi hudai mtu atupe dadu ya kutafuta, na hakuna aliyewahi kulalamika kwa sababu wote wanaliona mara moja kwamba ni haki.

Upepo wa akili ni nini?

Ni dhoruba isiyogusa nguo. Imefanyika kwa kumbukumbu zilizopotea, mawazo yaliyosahauliwa na hofu za watu, na inapiga akili, mwili inauacha. Dalili yake ni fedha ya mbinguni kugeuka giza kwa haraka, na baada ya raundi chache ni kama usiku usio na mwezi. Natupa dadu mara moja kwa ajili ya kundi zima kujua imewapeleka wapi: pengine mmechelewa saa chache, pengine mmepotea, pengine mmesukumwa kupitia dimbwi ambalo hamkulichagua. Kisha kila mmoja anajitetea peke yake kuona imemfanya nini kichwani.

Upepo huu ndiyo bei ya kuipa akili kazi ya miguu. Nyumbani ukipigwa kichwani unaumwa kichwa. Huku unapotea njia.

Hao githyanki ni akina nani, na kwa nini hawazai huko?

Zamani walikuwa watumwa wa illithid, viumbe wenye vichwa vya pweza wanaokula ubongo wa watu. (Sisi wa Pwani tumezoea kumla pweza. Huku mambo yamegeuzwa.) Wakaasi chini ya kiongozi aitwaye Gith, wakawashinda mabwana zao, wakahamia Astrali. Mji wao, Tu'narath, umejengwa juu ya maiti ya mungu. Malkia wao Vlaakith ni mfu anayeishi kwa uchawi, na raia wake akipata nguvu nyingi mno anaitwa mbele yake na roho yake inaliwa.

Nje ya mchezo, waliumbwa na Charles Stross akiwa bado kijana, wakachapishwa kwenye jarida la Kiingereza mwaka 1979 na kuwa sura ya jalada la kitabu cha majitu cha mwaka 1981. Leo Stross ni mwandishi mkubwa wa riwaya za sayansi.

Kuhusu watoto, jibu ni sheria ileile. Mahali ambapo mwili hauzeeki, mtoto naye hakui. Kwa hiyo githyanki hulazimika kuweka kambi kwenye dunia nyingine, mara nyingi hii ya kwetu, ili watoto wao wafikie utu uzima ndipo warudi. Naipenda sana hii. Kabila linaloogopwa kuliko yote Astrali lina mahali pamoja pa udhaifu, na mahali penyewe ni shule ya watoto. Wachezaji wakiligundua, kikao hubadilika, watu hunyamaza, na mara nyingi ndipo inapojulikana nani mezani ana moyo na nani anahesabu pointi tu.

Naweza kuchimba dhahabu kwenye maiti ya mungu?

Ni jiwe. Chimba. Usiniulize baadaye kwa nini unaota ndoto za mtu mwingine.

Nimecheza Baldur's Gate 3. Ile ndiyo Astrali?

Ndiyo, mchezo ule wa kompyuta wa mwaka 2023 unakupeleka humo kwa muda, na githyanki na malkia wao wamo. Lakini humo unatembea juu ya miamba kwa miguu kama kawaida. Ukija mezani kwangu na mazoea hayo, soma tena habari ya farasi.

Na habari za meli?

Toleo la nne, mwaka 2008, liliita mahali hapa Bahari ya Astrali, makao ya miungu yakawa kama visiwa ndani yake. Mwaka 2022 vikatoka vitabu vya toleo la tano vyenye meli zinazosafiri humo. Mtu wa majahazi angejisikia nyumbani, ila tanga halina upepo wa kushika, nahodha anaiendesha akiwa amekaa kwenye kiti cha uchawi. Bado hatujazicheza.

Mama ameona kitabu, anauliza kama nimejiunga na jambo. Nimjibu nini?

Usimjibu kwa dharau. Swali lake lina historia. Marekani ya miaka ya 1980 wazazi wengi waliuliza hilohilo, na kelele zikawa kubwa kiasi kwamba toleo la pili la mwaka 1989 liliondoa maneno yenye maana ya shetani na pepo, wakapewa majina ya kubuni. Toleo la tatu likayarudisha.

Mweleze ukweli kama ulivyo. Wapo watu duniani wanaoamini kwamba roho husafiri Astrali. Mchezo huu umeazima jina lao kama hadithi zetu zinavyoazima majini. Hakuna kinachosomwa kwa nguvu za siri, kuna karatasi za hesabu, dadu na kahawa. Mwonyeshe karatasi ya mhusika wako. Mama yangu mimi alipoiona alisema, "Kumbe ni hesabu," akarudi jikoni.

Jambo moja nimejifunza: acheni kumwita mhusika wenu "mchawi" mbele ya wageni. Kwetu neno hilo halina utani. Mezani tunalitumia, nje tunasema "mwanazuoni wa afsuni" na maisha yanaendelea.

Basi Astrali ni kama ujinini?

Haifanani sana. Ujinini wa hadithi zetu kuna miji, ndoa, wivu, deni, mtu anapelekwa na kurudishwa. Kuna maisha. Astrali hakuna maisha, kuna kupita. Ukitaka kufananisha na kitu cha kwetu, ifananishe na bahari yenyewe usiku, pale ambapo taa za bandari zimepotea na za mbele hazijaonekana.

Kuna dunia zenye sheria za ajabu kuliko hii?

Nyingi. Mechanus bahati imefutwa: pigo ambalo nyumbani ni dadu ya 10 kuongeza 5, huko ni 10 kila mara, hakuna kutupa. Ysgard ukiuawa vitani unaamka alfajiri ya kesho yake. Limbo kila kitu kinachemka, moto na maji na udongo pamoja, na penye utulivu ni pale mtu mwenye akili imara anapopashikilia. Nchi ya vibwengo siku chache zinaweza kuwa miaka nyumbani, au dakika, kwa kutupa dadu wakati wa kutoka. Hii ya mwisho nimeitumia mara moja tu. Mchezaji aliyerudi na kukuta mkewe wa kwenye mchezo ameshaolewa hakunisemesha kwa wiki mbili.

Naweza kuzitafsiri kanuni hizi kwa Kiswahili na kuzigawa?

Sehemu kubwa, ndiyo. Januari 2023 wenye mchezo waliutoa muhtasari wa kanuni za toleo la tano kwa leseni huria ya Creative Commons, ile inayodai uwataje tu. Humo mna afsuni zote mbili za kuvuka, mfuko, shimo, na hata farasi wa vita na Akili yake 2. Githyanki na illithid hawamo, hao ni mali yao. Ukitaka kabila la Astrali la kugawa bure, litunge mwenyewe.

Sisi tumeshatafsiri afsuni za daraja la 1 hadi la 3. Tulikokwama ni majina ya dunia. Nine Hells mtu anasema haraka "Jehanamu Tisa", na inasikika vizuri. Shida ni kwamba kuna dunia nyingine jirani yake iitwayo Gehenna, na jehanamu yetu ilitujia kwa Kiarabu kutoka jina hilohilo la bonde lililoko Yerusalemu. Kwa hiyo Jehanamu Tisa zina jirani aitwaye Jehanamu, wote wawili milango yao ni myekundu. Kwa sasa tunasema "ile ya yakuti" na "ile ya hudhurungi". Mwenye jina bora alilete Jumamosi.